Kilimia, Namba 45

Umeme ukikatika Maji ya Chai, mtaa mzima unaguna kwa pamoja. Redio zinanyamaza, kinyozi anamwambia mteja arudi kesho na kichwa chake cha nusu, na sisi wa kijiweni tunabaki tunasikilizana sauti tu. Jioni moja ya Novemba ilikuwa hivyo. Mlima Meru ulikuwa umejivua mawingu, na kule mashariki kulikuwa na nyota chache ndogo zimejikusanya kama vifaranga chini ya bawa la mama yao.

"Hizo zinaitwaje?" mshikaji mmoja akauliza.

Tulikuwa vijana wanne, wote tumemaliza kidato cha nne. Hakuna aliyejua.

Nikaenda kwa bibi. Bibi yangu alizaliwa Pangani, akaolewa huku kwenye baridi. Hata nje hakutoka. "Zimechomoza sasa hivi, upande wa Kilimanjaro? Basi hicho ni Kilimia, mjukuu wangu." Akanipa na methali yake: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.

Ndugu msomaji, hiyo si methali ya kupambia barua. Ni kalenda. Mwezi wa Mei, masika yakiwa bado yanamwaga, Kilimia huzama magharibi pamoja na jua na kupotea wiki kadhaa. Kikirudi alfajiri ya Juni, mvua zimekwisha. Novemba kinachomoza jioni, na ndiyo vuli hiyo. Jina lenyewe limetokana na kulima. Wala si sisi peke yetu: Waxhosa wa Afrika Kusini wanakiita isilimela, jina la mzizi uleule wa kulima, na kwa mila yao mwanamume huhesabu miaka ya utu uzima wake kwa isilimela.

Kwa macho tunahesabu nyota sita au saba. Kwa darubini ni zaidi ya elfu moja, na umbali wake ni kama miaka ya nuru 440. Maana yake ni kwamba mwanga ulioingia machoni mwangu jioni ile uliondoka huko kabla Wareno hawajaanza kujenga Ngome ya Yesu kule Mombasa, mwaka 1593.

Basi nikaanza kutafuta: nani waliviandika vitu hivi?

Waarabu wanakiita Kilimia Thurayya, na wamekiweka miongoni mwa vituo 28 vya mwezi. Mwaka 964, Mwajemi mmoja wa Isfahan, Abd al-Rahman al-Sufi, aliandika kwa Kiarabu kitabu cha nyota. Katikati ya nyota hizo akataja wingu dogo. Alichokiona ni galaksi ya Andromeda, iliyo mbali nasi miaka ya nuru milioni 2.5. Darubini ilikuwa haijabuniwa. Alikuwa na macho na kalamu, basi.

Kisha yuko Charles Messier wa Ufaransa. Huyu ndiye aliyenigusa. Hakuwa na elimu kubwa. Aliajiriwa Paris kama karani kwa mnajimu mmoja kwa sababu alikuwa na mwandiko mzuri! Ndoto yake ilikuwa kuvumbua nyota zenye mkia. Mwaka 1758 aliona kitu kama moshi angani, akadhani ameipata. Akakingoja kisogee, hakikusogea. Akakiandika pembeni ili kisimdanganye tena. Akaendelea hivyo, na mwaka 1771 akawasilisha orodha yake ya kwanza: vitu 45 vya kutopotezea muda. Vishada vya nyota, mawingu, galaksi, vyote kapu moja. Cha mwisho, namba 45, ni Kilimia chetu. Kufikia 1781 orodha ilikuwa na vitu 103.

Leo nyota zake zenye mkia nani anazijua? Wataalamu tu. Lakini orodha ile ya vitu vya kuachwa inatumika hadi leo, dunia nzima. Wenzangu mnaorudishiwa miswada, hapo mnanielewa.

Hata hivyo, Messier alikuwa Paris, na kutoka Paris sehemu kubwa ya anga la kusini haionekani. Huko alikwenda Mfaransa mwingine, Nicolas-Louis de Lacaille. Alifika Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1751 akiwa na darubini ndogo ambayo kioo chake hakikuzidi upana wa kidole gumba. Akaandika nyota karibu elfu kumi, na orodha ya vishada na mawingu 42, iliyochapishwa mwaka 1755. Juu ya kichwa chake ulikuwepo Mlima Meza wa Cape Town. Alipokuwa akiyapa majina makundi ya nyota, mlima huo akaupandisha angani, na mpaka leo limo kundi la nyota lenye jina lake.

Hapo nilikaa kimya. Mlima wa Afrika upo angani. Si Meru, si Kilimanjaro, bali ule ambao chini yake alikaa mtu mwenye daftari. Waliozaliwa chini ya mlima huo walikuwa wakizitazama nyota hizohizo kabla meli yake haijatia nanga, na bila shaka walikuwa na majina yao. Lacaille hakuyaiba. Aliandika ya kwake, basi, na kilichoandikwa ndicho kilichosafiri.

Na mimi je? Mwaka uliofuata bibi alifariki. Alikuwa anajua nyota ya wavuvi, nyota ya kuamshia watu daku, na nyingine alizokuwa akizitaja huku anapepeta mchele. Kila siku nilikuwa nasema nitamuuliza. Nilikuwa na daftari, tena kubwa, nikiandika riwaya ya jambazi wa Nairobi, mji ambao sijafika. Kutoka kwa bibi nimebaki na jina moja tu.

Kwa hiyo nimeanza orodha yangu. Ukurasa wa kwanza umeandikwa: 1. Kilimia. Chini yake ni mistari mitupu. Ndugu msomaji, kama nyumbani kwenu yupo mzee anayetazama juu kabla ya kufunga mlango usiku, kaa naye leo. Usingoje umeme ukatike.