Uyoga wa Mbinguni na Adabu za Mgeni

Uyoga hauna mwenyewe. Haukupandwa wala haukupaliliwa. Mvua ikinyesha usiku, asubuhi umekwisha simama, na jua likizidi ukali, umekwisha. Nadhani ndiyo sababu watunzi walipowaza mimea ya nchi za angani, mara kwa mara mawazo yao hayakwenda kwenye mahindi wala migomba, bali kwenye uyoga. Hadithi za namna hii nimezisoma kwa miaka mingi. Leo nataka tuzitazame tatu, ndugu msomaji, si kwa ajili ya nyota, bali kwa ajili yetu sisi tulio huku chini.

Ya kwanza ni ya kale. Katika karne ya 2 baada ya Kristo, Lucian, mzaliwa wa mji wa Samosata kando ya mto Frati, aliandika kwa Kigiriki kitabu alichokiita Historia ya Kweli, na papo hapo akamwonya msomaji kwamba hamna ukweli ndani yake. Merikebu inachukuliwa na kimbunga hadi mwezini, na huko mabaharia wanakuta vita kati ya mfalme wa Mwezi na mfalme wa Jua. Katika jeshi la Jua wamo askari ambao ngao zao ni uyoga na mikuki yao ni mabua ya mboga. Watu hucheka wafikapo hapo. Lakini je, vita hivyo vilikuwa vya nini? Mfalme wa Mwezi alitaka kuwapeleka maskini wake wakaanzishe koloni katika Nyota ya Asubuhi, iliyokuwa tupu, naye wa Jua akamzuia kwa wivu. Naam, koloni! Tangu siku ile mtu alipobuni safari ya angani, alibeba na ugomvi wa ardhi.

Ya pili ni ya Mwingereza H. G. Wells, Watu wa Kwanza Mwezini, iliyotoka kitabu mwaka 1901. Bedford, mfanyabiashara aliyefilisika, na Cavor, mwanasayansi, wanafika mwezini na kukuta mimea inayochipuka alfajiri na kukua machoni pao. Njaa inawashika, wanakula uyoga wa huko, nao unawalevya. Na mlevi, kama tujuavyo, hutoa yaliyo moyoni. Bedford anaanza kuhubiri kwamba mwezi lazima utwaliwe uwe mali ya taifa lake, kwa faida ya wenyeji wenyewe! Wenyeji wako chini ya miguu yake, katika mapango, wala hajazungumza na hata mmoja wao.

Kila nisomapo sehemu hiyo, kicheko changu hukatika. Mwaka huohuo wa 1901, mwezi wa Desemba, reli iliyoanzia Mombasa ilifika Ziwa Viktoria, mahali paitwapo Kisumu leo. Miaka 11 nyuma yake, mwaka 1890, Uingereza na Ujerumani zilikuwa zimetia sahihi mkataba wa kugawana nchi zetu, na babu zetu hawakuulizwa neno. Wakubwa wale hawakuwa wamekula uyoga wowote. Walikuwa na akili zao timamu. Wells alijua alichokuwa akikisema. Hadithi yake inaishia vibaya: Bedford anaua wenyeji, anarudi na dhahabu, Cavor anabaki, anamweleza mtawala wa mwezi jinsi watu wa dunia wanavyopigana vita, na baada ya hapo sauti yake inakatwa. Mwenyeji alikwisha elewa ni mgeni wa aina gani.

Ya tatu iliandikwa kwa ajili ya watoto. Mwaka 1954 Eleanor Cameron alichapisha nchini Marekani hadithi ya wavulana wawili, David na Chuck, wanaokwenda kwenye kijisayari kiitwacho Basidium, kiasi cha maili 50,000 kutoka duniani, ambacho hakionekani kwa darubini za kawaida. Jina lake limetokana na kile kiungo cha uyoga kinachozaa mbegu zake. Wakazi wake, watu wa uyoga, wanaugua na kufa, kwa kuwa chakula chao kimepungukiwa na salfa. Na hao watoto wamekwenda na nini? Si bunduki, si mkataba. Wamekwenda na kuku. Katika mayai ya kuku imo salfa. Kuku anaachwa huko, na watu wanapona.

Wahenga wetu walisema, mgeni njoo mwenyeji apone. Sijaona hadithi ya angani inayoifasiri methali hiyo vizuri kuliko hii ya kuku. Tena tazama kwamba wavulana hao hawakubaki kutawala. Walitoa walichonacho, wakaaga, wakarudi kwao.

Mwaka 1969 watu walifika mwezini kweli. Waliporudi waliwekwa karantini, siku 21 tangu watoke mwezini, kwa kuhofia vijidudu vya huko. Havikuwapo. Mawe waliyoyaleta yalikuwa makavu, hayana uhai: si uyoga, si ukungu, si chochote. Lakini kabla ya safari hiyo, mwaka 1967, mataifa yalikuwa yameafikiana kwa mkataba kwamba hakuna dola itakayoudai mwezi kuwa mali yake. Ule wa 1890 uligawa nchi zenye watu. Huu ulikataza kuigawa nchi isiyo na mtu. Mimi siucheki. Nauona kuwa ni akili iliyochelewa, na akili iliyochelewa ni bora kuliko ile isiyofika kabisa. Basi yeyote atakayefunga safari ya kwenda nyota za mbali, heri kwanza ajikague mikononi: amebeba mkataba, au amebeba kuku?