Kura ya Mwanamke wa Nyakach

Mwanamke wa Nyakach, katika Kaunti ya Kisumu ya leo, aliijua kodi kabla ya kuijua kura. Serikali ya kikoloni ilitoza kila nyumba, na kwa kuwa kila mke alikuwa na nyumba yake, boma la wake watatu lilidaiwa kodi ya nyumba tatu. Desemba 1921, wasomi wa Nyanza ya Kati walikutana Lundha, Gem, wakaanzisha harakati za Piny Owacho. Miongoni mwa madai yao, walitaka wanawake waondolewe kodi. Wakati huo mwanamke wa Kizungu nchini Kenya alikuwa na haki ya kupiga kura tangu 1919.

Waafrika walichagua wajumbe wao wa Baraza la Kutunga Sheria kwa mara ya kwanza Machi 1957. Katika Nyanza ya Kati, Nyakach ikiwemo, Oginga Odinga alimbwaga B. A. Ohanga. Mpiga kura alipaswa kuwa na miaka 21 na sifa ya ziada: elimu ya shule ya kati, kwa mfano, au mapato ya pauni 120 kwa mwaka, au mali ya pauni 500. Mwenye sifa nyingi aliweza kupewa hadi kura tatu. Sheria haikumtaja mwanamke popote ili kumzuia, wala haikuhitaji kumtaja. Wasichana waliofika shule ya kati walikuwa wachache mno, na ng'ombe wa bomani walihesabiwa kuwa mali ya mume hata kama mke ndiye aliyewakamua kila alfajiri. Kwangu mimi, huko kulikuwa kumnyima kura waziwazi.

Kura ya kila mtu mzima ilikuja Mei 1963. Miaka miwili baadaye Kisumu ikampata Grace Onyango, mwalimu aliyesomea Ng'iya, kuwa meya wa kwanza mwanamke nchini. Desemba 1969 akagombea ubunge wa Kisumu Mjini, mwaka mchungu kwa watu wa ziwa: waziri Tom Mboya alikuwa ameuawa Julai, watu walikuwa wamepigwa risasi Kisumu tarehe 25 Oktoba, na KPU, chama cha upinzani cha Odinga, kilikuwa kimepigwa marufuku. Katika majonzi hayo wapiga kura walimtuma Bungeni, mwanamke wa kwanza kuchaguliwa mbunge Kenya. Alidumu hadi 1983. Jirani zetu wa Karachuonyo nao walimchagua Phoebe Asiyo mwaka 1979.

Nyakach yenyewe? Tangu vyama vingi virejee mwaka 1992, wabunge wake wamekuwa Dennis Akumu, Peter Odoyo, Ochieng Daima na Aduma Owuor. Wanaume watupu. Siku ya kura akina mama hujaa foleni za Pap Onditi tangu asubuhi, wengine na watoto mgongoni, na bado kiti hicho hawajakikalia. Kiti cha mwakilishi wa wanawake wa kaunti, kilicholetwa na Katiba ya 2010, ni hatua njema, lakini kisiwe kisingizio cha kuwafungia vingine.

Grace Onyango alifariki Machi 2023, Asiyo Januari 2025. Aliyekuwa na umri wa kupiga kura mwaka 1963 sasa amepita miaka 80. Walimu na wanafunzi wa Pap Onditi, Katito na Sondu, chukueni simu zenu mwende kwa akina dani, yaani bibi zenu, mkawarekodi wakieleza siku ile ya kwanza ya kupiga kura. Nendeni mwaka huu.