Pasolini Kigoma

Mwaka 1970 mshairi na mhakiki wa Kitaliano, Pier Paolo Pasolini, alitoa filamu ya matayarisho ya Oresteia, tamthilia za Aeschylus alizokwisha kuzifasiri mwaka 1960. Sura za wahusika alizitafuta Kigoma na Kasulu, kwa jirani zetu wa kaskazini sisi wa Mpanda. Sokoni watu wanaonekana. Anayewasemea ni yeye, kwa Kitaliano. Picha hizo aliwaonyesha wanafunzi wa Kiafrika huko Roma, nao wakamkumbusha kuwa Afrika si taifa moja. Pingamizi lao hakulikata. Limo filamuni hadi leo. Huo ni uungwana. Hata hivyo, wa Roma walijibu, wa Kasulu tunawatazama tu. Tafsiri isiyomsikiliza mfasiriwa ni nusu ya kazi.