Kanoon: filamu ya Kihindi isiyo na wimbo

Wadau, ukimwambia mtu kuna filamu ya Kihindi isiyo na wimbo hata mmoja, atadhani unamtania. Ipo. Inaitwa Kanoon, yaani Sheria, na B.R. Chopra aliitoa mwaka 1960.

Mwanasheria kijana, Kailash, anamwona kwa macho yake mkopesha fedha akiuawa. Anaamini muuaji ni Jaji Badri Prasad, baba wa mchumba wake. Polisi wanamkamata mwizi fukara aliyeingia kuiba usiku ule ule, na kesi inaangukia kwa jaji huyo huyo! Kailash anasimama kumtetea mwizi.

Mwisho siusemi. Nasema tu kwamba macho hudanganya, na aliyekwisha kunyongwa haombwi radhi. Hilo ndilo Chopra aliwatwisha watazamaji wake, bila wimbo wa kuwapumzisha. Miaka 20 baadaye, mwaka 1980, Mahakama ya Juu ya India iliamua katika kesi ya Bachan Singh kwamba kitanzi kitumike kwa nadra sana. Haikukifuta. Hadi leo kipo.

Ungekuwa wewe jaji, ungemnyonga mtu kwa ushahidi wa shahidi mmoja aliyeona gizani?