Kutoka Bombay hadi River Road: Historia ya Biashara ya Santuri

Machi 1928 Siti binti Saad alipanda meli Unguja kwenda Bombay pamoja na wapigaji wake, kurekodi nyimbo kwa kampuni ya Gramophone, ile iliyouza santuri kwa jina la His Master's Voice. Alikuwa mtu wa kijiji cha Fumba, mtoto wa watu wa chini, na kabla ya kuimba alikuwa akiuza vyungu mjini. Kampuni haikumwita kwa kumpenda. Gramafoni zilikwisha kuingia katika nyumba na migahawa ya pwani, na santuri zilizochezwa humo zilikuwa za Misri na za India, maana taarabu yenyewe tangu enzi za Sultani Barghash ilikuwa ya Kiarabu, mambo ya kasri na ya wakubwa. Siti aliimba Kiswahili. Wenye mali wakaona kuna wateja ambao bado hawajauziwa kitu.

Aliimba zaidi ya nyimbo mia katika miaka ile, 1928 hadi 1931, na santuri zake zikavuka bahari zikaingia bara. Watu waliomsikia kwenye gramafoni wakafunga safari kwenda Unguja kumwona kwa macho. Baadhi ya nyimbo zilikuwa habari za mjini zilizotiwa sauti: "Kijiti" ni kisa cha mauaji ya mwanamke na muuaji aliyekimbilia bara, na kwa msikilizaji wa wakati ule ilikuwa sawa na kununua gazeti linaloimba.

Lakini santuri ile ilikuwa na sheria yake. Ilikuwa ya inchi 10, ikizunguka mara 78 kwa dakika, na upande mmoja haukubeba zaidi ya dakika tatu na kitu. Taarabu ya usiku haiendi hivyo. Ubeti unaorudiwa ni ule uliomgusa mtu, mtu huyo anainuka kutunza, mwimbaji anamrudia tena, na wimbo mmoja unaweza kumaliza chai mezani. Kule Bombay mwimbaji alisimama mbele ya mashine, akaimba beti zinazotosha, akanyamaza. Tangu siku hiyo wimbo wetu ukawa na maumbo mawili, wa ukumbini na wa dukani, na fedha zake nazo zikaenda njia mbili. Ya ukumbini iliingia mkononi mwa mwimbaji pale pale, mbele za watu. Ya dukani ilipita kwa wakala, ikavuka bahari, ikahesabiwa na karani ambaye mwimbaji hakupata kumwona.

Mafanikio ya Siti yaliwaamsha wengine. Columbia na Odeon nazo zikaja kutafuta sauti za pwani, na kwa miaka michache waimbaji wa Unguja na Mombasa wakagombewa. Kisha mdororo wa uchumi wa dunia ukafika, ununuzi ukapungua, na kampuni zikafunga mikoba. Nyimbo zilizorekodiwa zilibaki mali yao.

Vita Kuu ya Pili ndiyo iliyohamisha biashara hii kutoka pwani hadi Nairobi. Jeshi la Kiingereza liliunda kikundi cha burudani kwa ajili ya askari wa Afrika Mashariki, na ndani yake alikuwamo Fundi Konde, kijana wa pwani ya Kenya, ambaye alifika hadi Burma. Vita vilipokwisha askari walirudi na fedha kidogo mfukoni na masikio yaliyokwisha kuzoea gitaa, rumba na dansi. Mwaka 1947 studio ya East African Sound ikafunguliwa Nairobi, ikaanza kutoa santuri kwa nembo ya Jambo. Mombasa nako, Assanand na wanawe, wenye duka la muziki, walikuwa na nembo yao ya Mzuri, wakiwarekodi watu wa taarabu na wa dansi. Peter Colmore, Mzungu aliyekuwa jeshini na kile kikundi, akawa mtu wa kutafuta vipaji, na yeye ndiye aliyetambua mapema kwamba gitaa linauza vitu vingine pia. Edouard Masengo na Jean-Bosco Mwenda, mafundi wa gitaa kutoka Katanga, waliletwa Nairobi, na nyimbo zao zikatangaza soda na dawa ya kichwa. Tunaodhani msanii kubeba nembo ya kampuni ni jambo la juzi tumechelewa kwa nusu karne.

Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Charles Worrod alikuwa na Equator Sound. Hapo studio ilikuwa na bendi yake ya ndani: Fadhili William, Daudi Kabaka, Gabriel Omolo, na kutoka Zambia Nashil Pichen na Peter Tsotsi. Walikuwa waajiriwa. Asubuhi wanaingia studio kama karani anavyoingia ofisini, leo unampigia mwenzako, kesho yeye anakupigia wewe. Mtindo wao wa twisti ulipotoka hapo ukafika mbali. Mwaka 1968 The Tremeloes wa Uingereza waliiimba upya "Helule Helule" ya Kabaka na ikapanda katika chati za kwao.

Habari ya wimbo "Malaika" inajulikana, na bado haijaisha. Fadhili William ndiye aliyeirekodi ikavuma. Miriam Makeba na Harry Belafonte wakaiweka kwenye albamu yao ya 1965. Boney M nao wakafuata. Wapo wanaosema mtunzi ni Adam Salim, Mtanzania aliyeishi Nairobi, na wapo wanaomtaja mwingine. Mimi siingii katika kesi hiyo. Ninachokiona ni kwamba ugomvi kama huu hauzuki pale ambapo wimbo unaandikwa daftarini jina la mwenyewe siku ya kwanza. Katika studio za wakati ule jina lililoandikwa kwenye lebo lilikuwa la aliyesimama mbele ya maikrofoni, na aliyeshika kitabu cha mapato alikuwa mwenye studio. Aliyetunga akiwa nyumbani kwake hakuwa na mahali pa kutia saini.

Kisha ikaja santuri ndogo ya mizunguko 45, na pamoja nayo River Road. Mtaa huu wa Nairobi, karibu na vituo vya mabasi ya mikoani, ulikuwa na kila sababu ya kuwa soko la muziki. Abiria anashuka na mshahara au anaondoka na zawadi. Spika imetolewa nje ya mlango. Bei inamwezesha kibarua kununua mbili. Santuri hii nayo ilikuwa na tabia yake. Upande wa kwanza ndio wa maneno: kisa cha mapenzi, cha fitina, cha shemeji mlevi. Katikati ya utamu sauti inafifia, unanyanyua mkono wa gramafoni, unageuza, na upande wa pili ni magitaa matupu yakichemka. Bendi za Nairobi zilijifunza kutunga kwa kufuata mgeuzo ule. Sikiliza "Sina Makosa" ya Les Wanyika, iliyoanzishwa 1978 na vijana waliojitenga na Simba Wanyika ya ndugu wawili wa Tanga, Wilson na George Peter: ule mwendo wa gitaa usio na haraka ni wa mtu anayejua kuwa ana nafasi pande zote mbili.

Weusi nao waliingia katika umiliki, wala si kwa kuomba. Phares Oluoch Kanindo alisambaza benga ya Wajaluo kwa nembo zake, mojawapo ikiitwa Sungura, na alizipeleka santuri hizo hadi kusini mwa bara. Zimbabwe wakazipenda kiasi kwamba mpaka leo muziki wao maarufu wa magitaa unaitwa sungura. Nembo ya duka ikawa jina la muziki wa taifa jingine. Kule Kericho, mbali na mji mkuu, Chandarana, wa asili ya Kihindi, alirekodi na kuuza benga na nyimbo za Kikalenjin. Makampuni makubwa, EMI na Polygram, yalikaa juu ya wote hawa. Mfanyabiashara mdogo alimleta mwanamuziki, akalipia studio, akachapisha santuri, akampa mwanamuziki malipo ya mkupuo kwa pande mbili, basi. Wimbo ukivuma, aliyepata ni aliyenunua kanda. Ukianguka, hasara ni yake pia, na lazima tuseme hilo, maana santuri zilizolala dukani zilikuwa nyingi kuliko zilizovuma.

Tanzania ilishika njia nyingine kabisa. Hasa baada ya Azimio la Arusha la 1967 bendi kubwa zikawa za mashirika: NUTA Jazz ya chama cha wafanyakazi, Urafiki Jazz ya kiwanda cha nguo, Mwenge Jazz ya jeshi, Vijana Jazz ya umoja wa vijana, na baadaye Mlimani Park ya DDC, shirika la maendeleo la Dar es Salaam. Vyombo ni vya shirika, mshahara ni wa shirika, na ukumbi mara nyingi nao ni wa shirika. Mpiga gitaa wa Nairobi aliyelipwa kwa pande mbili angeweza kuuonea wivu mshahara huo wa mwisho wa mwezi.

Studio ilikuwa moja tu ya kusemwa, ya Radio Tanzania Dar es Salaam (RTD), Barabara ya Pugu. Bendi inapeleka maneno ya nyimbo, yanapitiwa, yakipita inapangiwa siku. Inaingia yote kwa pamoja, waimbaji, magitaa, tarumbeta, tumba, na inapiga kama inavyopiga ukumbini, wimbo baada ya wimbo, kwa maikrofoni chache. Akikosea mmoja wanarudia wote. Hii ndiyo sababu nyimbo za RTD zina joto ambalo studio za sasa, na njia zao mia za sauti, hazilipati. Kisha kanda inaingia maktaba, na wimbo unapigwa redioni nchi nzima. Duka hakuna. Nchi haikuwa na kiwanda cha kuchapa santuri, na raia aliyeupenda wimbo aliusubiri kwenye salamu za wagonjwa na za wasikilizaji. Ujamaa uliwalisha wanamuziki, nao ndio uliowanyima cha kurithisha watoto.

Aliyetaka santuri alivuka mpaka. Western Jazz, Atomic ya Tanga na Morogoro Jazz walikwenda Nairobi, na Mbaraka Mwinshehe akawa mfalme wa maduka ya Kenya huku akiwa mtu wa Morogoro. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977 na mpaka ukafungwa, soko hilo likakatika ghafla kwa waliobaki Tanzania. Mbaraka alifia huko huko Kenya, ajali ya gari, Januari 1979, na santuri zake zikazidi kuuzwa baada ya kifo.

Santuri yenyewe haikuuawa na serikali wala mpaka. Iliuawa na kaseti. Mashine ya milango miwili ilihitaji meza, umeme na kijana mwenye subira. Unakwenda kibandani na orodha yako: Maquis Original, Mlimani, Vijana, kidogo cha Franco. Kijana anatoa kwenye santuri, kwenye kaseti nyingine, au kwenye redio aliyokuwa akiitega saa za muziki, na jioni unapata dakika 60 za vipendwa vyako, vichwa vya nyimbo vimeandikwa kwa kalamu ya wino. Kwa msikilizaji ilikuwa neema. Kwa mwenye santuri ulikuwa wizi, na kwa mwanamuziki wa RTD, ambaye hakuwa na santuri ya kuibiwa, ilikuwa njia pekee ya wimbo wake kufika kwenye gari la daladala. Katika miaka ya 1980 makampuni ya Nairobi yakaanza kufunga. Marijani Rajab, mwimbaji wa "Zuwena", aliyekuwa sauti ya Dar es Salaam nzima, alimaliza siku zake mwaka 1995 akiwa muuza kaseti Kariakoo.

Mabadiliko ya miaka ya 1990 yanajulikana zaidi, nami nitayapita haraka. Redio binafsi zilifunguliwa 1994, studio ndogo za akina Master J na P-Funk zikafuata, na vijana wa bongo fleva wakaingia sokoni kwa mlango wa wasambazaji wa Kariakoo. Msanii alipeleka kazi iliyokamilika, wakakubaliana bei, msambazaji akadurufu kaseti na kuzipeleka mikoani. Zilidurufiwa ngapi? Msambazaji ndiye aliyejua. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ilipitishwa 1999, chama cha hakimiliki, COSOTA, kikaundwa, stika zikabandikwa, na baadaye mamlaka ya mapato, TRA, nayo ikaja na stempu zake. Yote yalikuwa majaribio ya kupata jibu la swali hilo moja la hesabu. Wakati stempu zinakuja, kaseti zilikuwa zimekwisha na sidii zinakufa.

Simu ikafuata. Miito ya simu ilileta fedha nyingi kuliko albamu, na kwa mara ya kwanza hesabu ilikuwa kamili, kila mteja na siku yake, ila ilikaa kwenye kompyuta ya kampuni ya simu, na fungu kubwa likakatwa kabla msanii hajagusa kitu. Wakubwa wa leo wamejifunza somo. Diamond Platnumz akaanzisha lebo yake ya Wasafi, Harmonize alipojitoa naye akaanzisha Konde Music, na vijana wanaosajiliwa humo wanasaini mikataba ambayo Siti angeshangaa kuiona.

Nyimbo za RTD nazo zimepanda YouTube. Watu waliozitoa kwenye kaseti za vibandani wameziweka huko, na picha ya bendi au ya jua linalozama. "Zuwena" ipo, imerudiwa mara nyingi, kabla yake tangazo la sabuni au la mikopo ya simu. Fedha ya tangazo, pale inapolipwa, inakwenda kwa mwenye chaneli.