Mahakama na Mchanga wa Mito ya India

Kanuni ambayo India iliirithi kutoka kwa Waingereza ilimruhusu kufungua shauri yule tu aliyepata hasara yeye mwenyewe, na kwa kanuni hiyo mto, ambao ni wa wote, ulikosa mlalamikaji. Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliilegeza katika shauri la S. P. Gupta lililoamuliwa Desemba 1981, ambamo Jaji P. N. Bhagwati alieleza kuwa raia yeyote mwenye nia njema aweza kuwasemea wale ambao kwa umaskini au unyonge hawawezi kufika mahakamani, hata kwa barua ya kawaida. Hivyo ndivyo yalivyopata nguvu mashauri ya maslahi ya umma, yaani kesi zinazofunguliwa kutetea haki ya jamii na si ya mtu mmoja. Na barua ya aina hiyo kutoka mji wa Dehradun ndiyo iliyosababisha, mwaka 1985, kufungwa kwa machimbo ya mawe ya chokaa katika milima ya Mussoorie.

Mchanga ulichelewa kupata kinga hiyo ya mahakama, kwa kuwa sheria ya madini ya 1957 iliuweka katika fungu la madini madogo, ambayo kanuni zake hutungwa na serikali za majimbo. Udogo huo ni wa jina tu. Mchanga wa mtoni huhifadhi maji ya mvua za monsuni na kuyapenyeza polepole hadi kwenye visima vya vijiji vya kandokando, na unapochotwa kupita kiasi kitako cha mto hushuka, visima hukauka, kingo humeguka pamoja na mashamba, na misingi ya nguzo za madaraja hubaki wazi.

Hila iliyotumika katika jimbo la Haryana kukwepa udhibiti ilikuwa nyepesi mno. Tangazo la serikali kuu la 2006 lilidai kibali cha mazingira, yaani idhini inayotolewa baada ya athari za mradi kuchunguzwa, kwa machimbo ya kuanzia hekta 5. Jimbo likanadi maeneo yasiyozidi hekta 4.5 kila moja. Katika shauri la Deepak Kumar, Februari 2012, Mahakama ya Juu iliamua kuwa hata maeneo yaliyo chini ya hekta 5 yahitaji kibali, kwa sababu madhara ya vipande vingi huishia katika mto mmoja. Tarehe 5 Agosti 2013 Baraza la Kijani la Taifa, mahakama maalumu ya mazingira iliyoundwa kwa sheria ya 2010, lilipiga marufuku nchini kote uchimbaji wa mchanga mitoni bila kibali.

Uchimbaji haramu haukukoma. Miongozo ya serikali kuu ya 2020 ilibidi ielekeze matumizi ya droni kulinda mito hata usiku, jambo linaloonyesha kwamba amri za mahakama pekee hazikutosha kuukomesha.