Nafasi za Upendeleo katika Udahili wa Vyuo vya Tiba (Uganda Mashariki)

Nafasi za upendeleo ni zile nafasi za ufadhili wa serikali ya Uganda ambazo mwombaji huzipata kwa kuangaliwa jinsia, ulemavu, michezo au wilaya anakotoka, pamoja na ufaulu wake. Mashariki mwa nchi jambo hili huhusu zaidi Mbale, ambako Chuo Kikuu cha Busitema kilifungua Kitivo cha Sayansi ya Afya mwaka 2013, jirani na hospitali ya rufaa. Kabla ya hapo, kijana wa Bugisu au Busoga aliyetaka udaktari katika chuo cha umma alilazimika kwenda Makerere, Mbarara au Gulu.

Chimbuko

Upendeleo wa kwanza ulianza Makerere mwaka 1990, wasichana walipoongezewa alama 1.5. Mgawo wa wilaya ulikuja mwaka 2005. Kati ya nafasi 4,000 za ufadhili, takriban 3,000 hugombewa kitaifa, 896 hugawanywa kwa wilaya kulingana na idadi ya watu, 64 ni za watu wenye ulemavu na 40 za wanamichezo. Lengo lilikuwa la haki: shule chache tajiri za Kampala na Wakiso zilikuwa zikizoa sehemu kubwa ya nafasi za kozi zenye ushindani.

Uzito wa alama 1.5

Katika udahili wa udaktari, Baiolojia na Kemia huhesabiwa mara tatu, na somo la tatu, kwa kawaida Fizikia au Hisabati, mara mbili. A ina alama 6, B ina 5. Mwenye A tatu hujikusanyia 48, kisha huongezewa alama ndogondogo za mtihani wa kidato cha nne na masomo ya ziada. Kushuka kutoka A hadi B katika Kemia humpotezea mwombaji alama 3, kwa hiyo nyongeza ya 1.5 hufidia nusu ya anguko hilo. Pale ambapo waombaji hutenganishwa na sehemu za alama, nyongeza hiyo si ndogo.

Msingi wa kisheria

Katiba ya mwaka 1995 inavuta pande mbili. Ibara ya 21 inakataza ubaguzi. Ibara ya 32 inaiagiza serikali kuwainua waliobaguliwa kwa jinsia, umri, ulemavu au sababu nyingine za kihistoria na kimila, na ibara ya 33 inawapa wanawake haki hiyo waziwazi. Wilaya haikutajwa kwa jina, nao utetezi wa mgawo wa wilaya hubaki kuegemea maneno hayo mapana ya historia.

Anayejiona amedhulumiwa anaweza kuomba mapitio ya uamuzi katika Mahakama Kuu, ambayo ina vituo Jinja na Mbale, lakini ndani ya miezi mitatu. Hoja ya kikatiba yenyewe hupelekwa Mahakama ya Katiba, Kampala. Tume ya Fursa Sawa, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2007, husikiliza pia malalamiko ya ubaguzi.

Nani mwenyeji?

Hapa ndipo penye mzozo mkubwa wa mgawo wa wilaya. Mtoto aliyesomeshwa Kampala tangu chekechea hujaza fomu akitaja wilaya ya babu yake, akiwa na barua ya mwenyekiti wa baraza la kijiji (LC1), huku aliyesoma shule ya kata kwenye miteremko ya Mlima Elgon akibaki nje. Kugawanywa kwa wilaya kumeongeza mkanganyiko: Manafwa ilitoka Mbale mwaka 2005, Bududa ikafuata mwaka 2006, na Namisindwa mwaka 2017. Tangu Julai 2020 Mbale na Jinja ni majiji yaliyotenganishwa na wilaya zenye majina yaleyale.

Mifano ya nje

India ndiyo yenye kesi nyingi. Mwaka 1951, katika kesi ya Champakam Dorairajan, Mahakama ya Juu ilifuta mgawo wa nafasi za vyuo kwa misingi ya jamii huko Madras. Bunge likajibu kwa kurekebisha katiba mwaka huohuo. Januari 2025 mahakama hiyo ilikataa upendeleo wa ukaazi katika shahada za uzamili za tiba. Nchini Marekani, kesi ya Bakke (1978) ilibatilisha nafasi 16 kati ya 100 zilizotengwa katika chuo cha tiba cha Davis, California.

Hali ya sasa

Chuo Kikuu cha Soroti kilianza kupokea wanafunzi mwaka 2019, wakiwemo wa udaktari, na hivyo kuwa chuo cha pili cha umma mashariki kufundisha kozi hiyo.